Goma: Pumzi inayotoa uhai na pumzi inayoua. Namna mapafu yanavyofanya kazi mbele ya mazuku na mbabula

Kwenye barabara inayotoka Goma kwenda Sake, kuna mashimo katika mawe meusi ya lava ambayo mtu mzima anaweza kupita kando yake asubuhi bila kuhisi kitu. Mbuzi akishuka humo kula majani, hapandi tena. Mtoto akimfuata mbuzi, hapandi. Na mara nyingi mtu mkubwa anayekimbia kumtoa mtoto, naye anaanguka hapohapo.

Wakaaji wa Goma wanaita hatari hiyo mazuku, maana yake upepo mbaya. Haina moshi, haina kelele, na kwa kawaida haina harufu ya kumshitua mtu. Ndani ya mji wenyewe kuna hatari nyingine inayofanana nayo: mbabula ya makala inayoingizwa chumbani usiku wa baridi, mlango na madirisha vikifungwa. Asubuhi majirani wanabisha hodi, hakuna anayejibu.

Vifo vya namna hii huacha familia na maswali mengi, na wengine huishia kutafuta mchawi. Lakini jibu liko ndani ya kifua cha kila mmoja wetu. Anayefahamu namna mwili unavyovuta na kutoa hewa, ataelewa kwa nini mazuku na makala huua kwa njia mbili tofauti, na nini cha kufanya kusudi maiti moja isizae nyingine.

Kifua kinafanya kazi kama bomba la sindano

Wengi wanafikiri kwamba mapafu ndiyo yanayovuta hewa. Mapafu yenyewe hayana misuli ya kufanya kazi hiyo. Ni laini kama sponji, na yanafuata tu mwendo wa kifua. Kazi yote inafanywa na misuli iliyo nje yake: ile iliyo katikati ya mbavu, na hasa diaframu, msuli mpana unaotenganisha kifua na tumbo.

Chukua bomba la sindano ambalo muganga anatumia, bila kuweka sindano yenyewe. Ukivuta kile kijiti cha nyuma, nafasi ya ndani inaongezeka na hewa inaingia. Ukikisukuma, hewa inatoka. Kifua kinafanya vilevile. Diaframu ikijikaza, inashuka chini, na mbavu zinapanda na kutanuka. Nafasi ndani ya kifua inakuwa kubwa, msukumo wa hewa ndani unakuwa mdogo kidogo kuliko ule wa nje, na hewa ya nje inakimbilia ndani. Kisha diaframu inalegea, mapafu yanajirudi yenyewe kama mpira uliokuwa umevutwa, na hewa inatoka. Mtu aliyetulia hatumii nguvu yoyote kutoa pumzi.

Tazama mtoto mchanga aliyelala. Tumbo lake linapanda na kushuka, ingawa hakuna hewa inayoingia tumboni. Ni diaframu inayosukuma matumbo kila inaposhuka.

Mtu mzima akiwa ametulia hupumua mara 12 mpaka 20 kwa dakika. Kila mara anavuta karibu nusu lita ya hewa, sawa na chupa ndogo ya maji. Tukihesabu mara 15 kwa dakika, ni zaidi ya mara 21.000 kwa siku, na lita zaidi ya 10.000 za hewa zinazopita kifuani kati ya asubuhi moja na asubuhi inayofuata. Ni mzigo ambao hatuuhisi mpaka siku hewa yenyewe inapokuwa mbaya.

Na si nusu lita yote inayofanya kazi. Karibu mililita 150 zinabaki njiani, puani, kooni na kwenye mabomba ya hewa, kisha zinarudishwa nje bila kufika ndani kabisa. Ndiyo sababu mtu anayepumua haraka haraka na juu juu anachoka mbio: anasafirisha hewa nyingi ndani ya njia, lakini kidogo tu inafika mahali pa kazi.

Soko lisilo na mlinzi

Bomba kubwa la hewa linagawanyika kuwa mawili, moja kwa kila pafu. Hayo nayo yanagawanyika tena na tena, karibu mara 23, kama mti uliopinduliwa matawi chini. Mwisho wa matawi hayo kuna vifuko vidogo sana vya hewa, mamia ya milioni. Vyote vikitandazwa chini vingefunika karibu metre 70 za mraba, ukubwa wa nyumba nzima ya familia.

Kila kifuko kimezungukwa na mishipa midogo ya damu. Ukuta kati ya hewa na damu ni mwembamba kuliko sehemu moja ya elfu ya milimita. Hapo ndipo soko linapofanyika. Damu inaleta gesi kaboniki, ile ambayo wanafunzi wanaijua kama CO2, takataka ya kazi ya mwili mzima. Inaondoka na oksijeni, ambayo bila yake ubongo unaanza kuharibika baada ya dakika chache tu.

Soko hilo halina mlinzi wa kuchagua nani aingie na nani atoke. Kuna sheria moja: kila gesi inatoka mahali ilipo nyingi na kwenda mahali ilipo chache. Katika hewa safi, oksijeni ni karibu asilimia 21, na gesi kaboniki ni kama asilimia 0,04 tu. Kwa hiyo oksijeni inaingia kwenye damu, na gesi kaboniki inatoka. Hewa tunayoitoa inabaki na oksijeni karibu asilimia 16, na gesi kaboniki imepanda mpaka karibu asilimia 4.

Sheria hiyo inatulisha kila siku. Hiyohiyo ndiyo inayogeuka katika mazuku.

Kengele ya mwili inahesabu nini?

Watoto wanaoogelea Ziwa Kivu wanajua mchezo wa kuzama na kubana pumzi kuona nani atakaa chini zaidi. Inafika wakati kifua kinawaka, na mtoto anapanda juu hata kama hataki. Wengi husema ni kwa sababu oksijeni imekwisha. Sivyo. Wakati huo bado kuna oksijeni ndani ya damu. Kinachomlazimisha kupanda ni gesi kaboniki iliyojaa.

Mwaka 1905, wataalamu wawili huko Uingereza, John Scott Haldane na John Gillies Priestley, walionyesha kwamba kwa mtu mzima wa afya, pumzi inaongozwa hasa na kiasi cha gesi kaboniki. Sehemu ya chini ya ubongo, pale unapoungana na uti wa mgongo, inapima bila kupumzika namna gesi hiyo inavyobadilisha ukali wa damu. Ikipanda kidogo tu, amri inatoka: pumua zaidi. Ndiyo sababu mtu anayebeba gunia la makala akipanda mlima anahema. Misuli inatoa gesi kaboniki nyingi, na ubongo unaharakisha kuitoa.

Oksijeni nayo ina walinzi wake kwenye mishipa mikubwa ya shingo, lakini wao wanachelewa. Wanapiga kelele kwa nguvu pale tu oksijeni inapokuwa imeshuka sana, na mara nyingi akili ya mtu inakuwa imekwisha kuvurugika.

Kwa maneno mengine, kengele kubwa ya mwili inahesabu takataka kuliko inavyohesabu chakula. Kwa siku za kawaida hiyo inatosha kabisa. Shida inaanza pale hewa yenyewe inapokuwa ya kudanganya.

Mazuku: kengele inalia, mlango umefungwa

Gesi ya mazuku ni hasa gesi kaboniki. Inatoka chini sana, kwenye moto wa volkano za Virunga, na kupanda kupitia mipasuko ya mawe. Ni nzito kuliko hewa ya kawaida karibu mara moja na nusu. Kwa hiyo inafanya kama maji: inatiririka kwenye mabonde, inajaa mashimoni, inakaa chini ya majani. Upande wa magharibi wa mji, kuelekea Bulengo, Lac Vert na Sake, sehemu kadhaa zinajulikana kwa hatari hiyo.

Usiku na asubuhi mapema, wakati hakuna upepo wala joto la jua, gesi inatulia na kujaa. Mchana, jua na upepo vikija, inatawanyika kiasi. Shimo lililopitiwa salama saa saba za mchana linaweza kuua saa kumi na moja za asubuhi.

Nini kinatokea kwa mtu anayeshuka humo? Gesi kaboniki ikiwa asilimia chache tu, kengele inalia: anahema, moyo unapiga mbio, kichwa kinauma. Ikizidi asilimia 10, anaweza kupoteza fahamu ndani ya dakika chache. Ikizidi 30, pumzi chache zinatosha kumwangusha. Katika mazuku yenye nguvu, wapimaji wamekuta kiasi kinachopita hapo kwa mbali.

Hapo ndipo sheria ya soko inapogeuka. Ndani ya vifuko vya mapafu, gesi kaboniki sasa ni nyingi kuliko ndani ya damu. Badala ya kutoka, inaingia. Oksijeni imesukumwa nje na haipatikani. Ubongo unatoa amri ya kupumua zaidi, na mtu anatii, lakini kila pumzi anayovuta kwa kujiokoa inamwongezea sumu. Mwili unajitetea kwa njia sahihi, mahali pasipo sahihi.

Urefu wa mtu unaweza kuamua nani anaishi. Baba anasimama, kichwa chake kiko juu ya gesi. Mtoto anayemshika mkono, kichwa chake kiko ndani yake. Mbwa na mbuzi huanguka mbele ya watu kwa sababu hiyohiyo. Na baba akiinama kumwinua mtoto, naye anaingiza uso wake katika gesi. Hivyo ndivyo mwokozi anavyokuwa wa pili.

Jambo hili limekuwa zito zaidi miaka ya vita. Familia zilizokimbia zilijenga vibanda vya maturubai kandokando ya barabara ya Sake, juu ya mawe ya lava, palipopatikana nafasi. Mtu anayelala juu ya mkeka, chini kabisa, usiku, ndani ya sehemu iliyobonyea, ameweka uso wake pale gesi inapopenda kukaa. Mkaaji wa zamani anajua shimo gani si la kukaribia. Mgeni aliyefika jana kutoka Masisi au Rutshuru hawezi kulijua kama hakuna aliyemwonyesha.

Goma iliona hatari ya gesi za volkano tena baada ya Nyiragongo kulipuka tarehe 22 Mei 2021. Lava ilipokuwa bado moto, watu kadhaa walijaribu kuikatisha kwa miguu na wakafa kwa kukosa hewa. Juu lava ilionekana imeganda, lakini gesi zilikuwa zinaendelea kutoka.

Makala: kengele hailii kabisa

Gesi ya mbabula ni nyingine. Makala yakiungua bila hewa ya kutosha, yanatoa monoksidi ya kaboni, CO. Haina rangi, haina harufu, na haikai chini kama ile ya mazuku. Inachanganyika na hewa ya chumba chote. Kulala juu ya kitanda kirefu hakumsaidii mtu.

Ili kuelewa inavyoua, turudi kwenye damu. Oksijeni haitembei peke yake. Inabebwa na hemoglobini, kitu kinachoipa damu rangi nyekundu. Fikiria pikipiki za Goma: zinapakia abiria mapafuni, zinamshusha mwilini, zinarudi kuchukua mwingine. Monoksidi ya kaboni inapanda juu ya pikipiki hizo, na inashikamana na kiti zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni. Haishuki upesi. Pikipiki zinaendelea kuzunguka, lakini zimebeba abiria asiye na faida. Ubongo na moyo vinakosa oksijeni wakati mapafu yenyewe ni mazima na kifua kinapanda na kushuka vizuri.

Na kengele? Gesi kaboniki inaendelea kutoka mwilini kama kawaida. Kwa ubongo, hakuna shida. Mtu hahemi, hasongwi, hashituki kutoka usingizini. Anaumwa kichwa, anasikia kizunguzungu, anatapika, miguu inalegea, na analala zaidi. Wengine wanadhani ni malaria au chakula kibaya. Alama moja isidharauliwe: watu wote wa nyumba wakiumwa kichwa na kutapika kwa wakati mmoja, na wakipata nafuu wakitoka nje, shida iko katika hewa ya nyumba.

Wapo wanaongoja makala yaache kutoa moshi, yawe mekundu yote, ndipo wanaingiza mbabula ndani, wakidhani hatari imekwisha. Moshi umekwisha kweli, lakini makala mekundu yanaendelea kutoa monoksidi ya kaboni. Ni hivyo pia kwa groupe ya umeme inayowashwa ndani ya nyumba au dukani wakati mlango umefungwa.

Hata kile kifaa kidogo kinachobanwa kidoleni kwenye vituo vya afya kupima oksijeni kinaweza kudanganywa. Kile cha kawaida hakitofautishi damu yenye oksijeni na damu yenye monoksidi ya kaboni, kwa hiyo kinaweza kuonyesha namba nzuri kwa mtu anayekufa. Anayempeleka mgonjwa lazima aseme wazi kwa muganga: "Tulilala na mbabula ndani." Maneno hayo yanaweza kuokoa maisha kuliko namba ya kifaa.

Na ziwa je?

Swali hili linarudi kila mara Goma inapoongelea gesi. Ziwa Kivu linabeba chini yake karibu kilometa 300 za ujazo za gesi kaboniki na karibu 60 za gesi methani, zikipimwa kama gesi iliyo wazi. Uzito wa maji ya juu ndio unaozikandamiza huko chini.

Kamerun, tarehe 21 Agosti 1986, Ziwa Nyos lilitoa ghafla gesi kaboniki yake. Ilitiririka usiku kwenye mabonde, na watu karibu 1.700 walikufa, pamoja na ng'ombe wao, kwa njia ileile ya mazuku. Nyos ni dogo sana mbele ya Kivu. Ndiyo sababu wataalamu wanapima maji ya Kivu mara kwa mara. Lakini kwa familia ya kawaida, hatari ya kila usiku iko karibu zaidi: shimo la nyuma ya nyumba, na mbabula ya chumbani.

Nini cha kufanya

Kwa mazuku, sheria ya kwanza ni ngumu kwa moyo: usishuke. Ukiona mtu au mnyama ameanguka shimoni bila kujeruhiwa, jua kwamba kilichomwangusha bado kipo. Kubana pumzi kunadanganya, maana kumwinua mtu ni kazi nzito na kifua kitakulazimisha kuvuta hewa. Kitambaa chenye maji mdomoni hakizuii gesi hii. Ita watu, tafuta kamba au mti mrefu wenye ndoano, mvute ukiwa umesimama juu, mkiwa upande upepo unakotokea. Bila hivyo, angoja wenye vifaa vya kupumulia.

Akitolewa, mpeleke mahali pa juu penye upepo. Akiwa anapumua, mlaze kwa ubavu. Asipopumua, anayejua ampulizie hewa kwa mdomo. Hewa tunayoitoa ina oksijeni asilimia 16, inayotosha kumshikilia mtu mpaka msaada ufike.

Waonye watoto na wageni mashimo yanayojulikana. Wadudu, ndege au mijusi waliokufa mahali pamoja bila jeraha ni alama ya hatari. Usijaribu kwa mshumaa: mtu anaweza kuanza kuumia mbele ya moto kuzimika. Anayejenga mahali palipobonyea asilaze watoto chini, na bora zaidi ahame hapo.

Kwa mbabula, pikia nje au mahali penye hewa pande mbili. Usiku, itoe nje yote mbele ya kulala, hata kama inaonekana imezimika. Baridi inashindwa na blanketi. Mtu akikutwa amelegea chumbani, fungua milango, mtoe nje kwanza, kisha toa mbabula. Apelekwe haraka mahali penye oksijeni: katika hewa ya kawaida, damu inahitaji saa nne mpaka tano kupunguza nusu ya monoksidi ya kaboni, kwa oksijeni nyingi ya hospitali, ni karibu saa moja hadi moja na nusu.

Mapafu hayachagui. Yanapokea kile kilichopo mbele ya pua, mara 15 kwa dakika, mchana na usiku. Kuchagua hewa ni kazi yetu, na mara nyingi inatosha kufanywa jioni, dakika moja mbele ya kufunga mlango.